Nguo Nyeupe za Nilanthi

Jumatatu, 12 Mei 2025

Leo nimeaibika. Tena si peke yangu, nimewakokota na wenzangu!

Saa saba mchana kanipigia Maureen. Huyu ni nesi mwenzetu wa kliniki, Mkenya, katoka zamu ya usiku, alitakiwa awe kitandani. "Sista Mahbuba, Nilanthi amefiwa." Kafiwa na nani? Hajui. Kamwona mtaa wa Ruwi, karibu na stesheni ya basi, kavaa nyeupe tupu, kichwani mpaka miguuni. Hana herini, hana saa, hana hata ile bangili yake nyembamba. Macho mekundu. Kamwambia twende tukale, katikisa kichwa, kaenda zake.

Roho ilinipasuka. Kumbe ndiyo maana aliomba leo apumzike! Mie ndiye nnayepanga zamu, nikampa ruhusa hata sikuuliza. Alisema tu, siku kubwa ya kwetu. Nilanthi wa Sri Lanka, mjane, miaka chungu nzima tuko pamoja kliniki hii ya Qurum, hajakosa kazi hata alipoumwa jino. Na kwetu sisi mwanamke akivaa nyeupe tupu bila pambo, nani anauliza tena? Yumo msibani.

Nikatoka kazini moja kwa moja jikoni. Mama kakaa kwenye kiti chake anatoa amri. Mfiwa hapiki, pika ya kutosha jengo zima. Biriani ya kuku. Tende. Kahawa chupa nzima, iliki tele.

Magharibi tukaingia kwake, mie, Maureen na Balqees wa mapokezi. Nyuso chini. Kafungua mlango — mweupe kweli. Nikamkumbatia nikaanza kulia papo hapo, maana mie hodari wa kulia misiba ya watu. Mungu akupe subira mwenzangu, ndiyo njia yetu sote! Balqees kaanza na Kiarabu. Maureen kafumba macho anaomba, Bwana mfariji dada yetu. Nilanthi kasimama katikati yetu, mikono kaiachia, anatutazama mmoja mmoja.

Halafu, kwa kile Kiingereza chake cha taratibu, kauliza: Sista, nani amekufa?

Lo! Masalale!

Hakuna aliyekufa. Ni Vesak. Mwezi mpevu aliozaliwa Budha, na mwezi mpevu aliopata nuru, na mwezi mpevu alioaga dunia — wote mwezi huu huu mmoja. Nyeupe ni ya usafi. Mapambo kayavua kwa kusudi, kajiwekea masharti ya siku moja. Na jua likishapinduka hali kitu mpaka kesho. Biriani yangu!

Nikatamani ardhi ipasuke. Balqees keshaanza kucheka ndani ya shela. Lakini Nilanthi katushika mikono katuketisha mkekani, na yeye mkekani vilevile, leo hakai pa juu. Kahawa isiyo maziwa anaruhusiwa. Basi nikamiminia. Kanywa. Kasema kahawa yenu ya msiba ni nzuri.

Na hapo ndipo nilipoinua macho. Pembeni, juu ya kabati, sanamu dogo la mtu aliyekaa, macho nusu kafumba. Taa ya mafuta. Maua meupe kwenye sahani. Na juu yake taa ya karatasi, kaitengeneza mwenyewe kwa vijiti na gundi, pande nane, mikia ya karatasi inaning'inia, upepo wa eisi unaizungusha polepole. Chumba kizima kikawa kinatembea vivuli. Mie nimesimama pahala pengi pa ibada huku nawaza mchuzi jikoni. Leo sikuwaza kitu. Nilikaa tu, na nilikuwa na haya, na sikutaka kuondoka.


Jumanne, 13 Mei

Kliniki nzima inajua. Maureen hawezi kuzuia kitu mdomoni. "Sista, hiyo biriani yenye haikuliwa, mimi nimeila jana na leo, msijali."

Mama, Bi Hamdiya wa watu wote, kanikasirikia kwanza. "Umekwenda kulilia sanamu! Na kuku wangu!" Nikamwambia si Mungu wao yule, Nilanthi kaniambia wazi. Ni mtu. Alikuwa mtoto wa mfalme, kazaliwa huko panapoitwa leo Nepal, miaka elfu mbili na mia tano na ushei iliyopita. Mama kavuta kiti. Halafu: "Mtoto wa mfalme wa kweli, au wa hadithi?" Wa kweli, Mama. "Ehe. Kisha?"

Hapo ndipo nilipoishia mie. Najua gurudumu lao na ua lao la yungiyungi kwa kuwa nimeviona kwenye mlango wa mahala pa kukandwa mwili, na vichwa vya sanamu madukani, watu wanapamba navyo sebule. Miaka yote hii namwona Nilanthi kila siku, na sijapata kumuuliza hata neno.


Alkhamis, 15 Mei

Sikukosea sana siku ile. Mungu wangu, sikukosea sana.

Leo chumba cha chai tulikuwa wawili. Nikamtania: macho mekundu yale nayo yalikuwa masharti? Kacheka, halafu kicheko kikakatika. Kasema siku mliyokuja na tende zenu, asubuhi yake nilikuwa nimezungumza na Kasun.

Kasun ni mwanawe wa pekee. Kalelewa na khalati yake, nduguye Nilanthi, mama yuko huku anapima watu presha. Ana miaka kumi na tisa. Kafaulu, chuo kikuu kimemwita, uhandisi. Na asubuhi ya Vesak kampigia mama yake: Amma, sitaki chuo. Nataka kuwa mtawa. Si kwa msimu. Maisha.

Watamnyoa kichwa, watamvika shuka la rangi ya manjano ya kahawia, watampa bakuli. Hamiliki kitu. Anakula anachopewa. Keshakaa na watawa wa msituni wakati wote wa likizo, wamemkubali. Mwezi mpevu wa Juni, wanauita Poson, ndiyo siku. Limebaki jambo moja tu: mzazi aseme ndiyo. Baba hayuko, keshakufa. Ni yeye. Akisema hapana, hawampokei. Akisema ngoja, Kasun kasema atangoja, hatalalamika. "Angelalamika ningemkatalia," kasema Nilanthi. "Nisingepata tabu."

Nikamwambia mkatalie! Hapohapo, sikufikiri. Mtoto wako mmoja, umemlilia kwenye simu miaka yote hii, wamchukue?

Ndipo kaniambia lililobaki. Mtawa haguswi na mwanamke. Hata mama yake. Akishavaa lile shuka, Nilanthi hamshiki tena mkono, hamkumbatii, hampapasi kichwa. Na si Kasun atakayempigia magoti mama — ni mama atakayempigia mwana. Mara ya mwisho kumshika ilikuwa uwanja wa ndege Colombo, likizo ya mwaka juzi. Kasun alikuwa na haraka, kamkumbatia kwa mkono mmoja, wa pili umeshika begi la mama.

"Sista, nilisema si kitu, nitamshika nikirudi."

Mie sikumaliza chai yangu.


Ijumaa, 16 Mei

Nimemsoma huyo mtoto wa mfalme usiku na asubuhi. Nimekasirika!

Siddhartha. Baba yake kamfungia raha zote ndani, asione ubaya wa dunia. Siku moja katoka na gari la farasi, kaona mzee. Kaona mgonjwa. Kaona maiti. Kisha kaona mtu mmoja wa kujinyima, hana kitu, uso umetulia. Kwisha! Karudi nyumbani hana tena usingizi. Haya, mie namuona mzee na mgonjwa na mara nyengine na maiti kabla ya saa nne asubuhi, na sijawa kitu ila miguu inaniuma.

Lakini hilo si lililonikasirisha. Alikuwa na mke. Alikuwa na mtoto mchanga, Rahula, kazaliwa juzi. Kawachungulia wamelala, kaondoka!

Ati mtoto mchanga! Mie najua kuamka alfajiri na mtoto mchanga na upande wa pili wa kitanda baridi. Na yule wangu hakwenda kutafuta nuru, alikwenda kutafuta mke mwengine huko Sohar. Nikamtumia Nilanthi ujumbe, herufi kubwa tupu: NA MKEWE JE? Kanijibu: "Kila mwanamke wa kwetu anauliza hivyo. Njoo Jumatatu nikumalizie."

Mwanangu Muatasim kapiga simu kutoka Malaysia. Keshapata tiketi, anakuja Idi. Ntakuwa likizoni wiki nzima, nilijipangia tangu Januari, na Mama keshaanza kuweka viungo. Nikamwambia nakupenda, babangu. Kashtuka. Kauliza, "Mama unaumwa?"


Jumatatu, 19 Mei

Kanimalizia.

Miaka sita Siddhartha kahangaika. Kajitesa njaa mpaka kitovu kikagusa mgongo, hakuona kitu. Ndipo kakubali bakuli la wali wa maziwa kwa mwanamke mmoja aliyekuwa akipita, kakaa chini ya mti, kasema hainuki. Na mwezi ulipokuwa mpevu kaona. Kaona nini? Hapa Nilanthi kachukua faili tupu la mgonjwa, kalifungua mbele yangu.

Kwanza: kuna ugonjwa. Maisha yana maumivu ndani yake, hata furaha, maana haikai. Pili: ugonjwa una sababu, nayo ni kiu. Ile kiu ya kutaka kiwe changu, kibaki changu, kisibadilike. Tatu: unapona. Nne: dawa yake hii hapa, njia ya sehemu nane. Kuona sawa, kusema sawa, kula riziki ya halali, kuituliza akili, na nyenginezo. Gurudumu lina njiti nane kwa ajili hiyo.

Subhanallah! Nikakaa. Malalamiko, chanzo, matarajio, tiba! Miaka ishirini na tano naandika mafaili hivyo hivyo, na kuna mtu kakaa chini ya mti kaiandikia dunia nzima faili moja. Dini yangu nnayo, sibadilishi, Mola wangu ananijua. Lakini mwili ulinisisimka mpaka kwenye vidole.

Halafu Rahula. Ndiyo, baba karudi, baada ya miaka, bakuli mkononi. Mtoto keshakuwa mkubwa. Mama yake kamtuma: nenda kamdai baba yako urithi wako. Mtoto kamfuata baba njiani, nipe urithi wangu, nipe urithi wangu. Na baba kampa alichokuwa nacho — kamnyoa, kamfanya mtawa! Yule babu mfalme aliposikia kaja analia. Kasema uliponiondokea wewe niliumia, na sasa mjukuu, na maumivu haya yanakata mpaka ndani ya mfupa. Nakuomba, usimchukue tena mtoto wa mtu bila ruhusa ya wazazi wake.

Na Budha kakubali. Tokea siku ile ikawa sharti.

Nilanthi kafunga faili. "Kwa hiyo, Sista, mimi nimekaa pale alipokaa yule mzee. Wananiuliza mimi kwa sababu yeye alilia."

Nikamuuliza, na kiu yako wewe ni ipi? Hata sijui kwa nini niliuliza. Kanijibu hapo hapo: mikono miwili. Anataka mara moja tu amkumbatie kwa mikono yote miwili.


Alkhamis, 22 Mei

Leo Mama kamwalika. "Mlete huyo mtu wako wa nyeupe, nimuone." Nikaogopa, maana Mama ulimi wake hauna breki.

Kaja na jani. Kalileta ndani ya kitabu, kavu, lina umbo la moyo na ncha ndefu kama mkia. Mti ule aliokaa Budha, tawi lake lilipelekwa Sri Lanka kwa jahazi na binti wa mfalme mmoja wa Bara Hindi, binti mwenyewe mtawa. Nduguye wa kiume alitangulia kupeleka mafundisho, na huko kutangulia kwake ndiko wanakokusherehekea kwenye Poson. Tawi likashika, mti upo mpaka leo. Jani hili la mjukuu wa mti ule. Mama kalishika kwa ncha za vidole, yeye ambaye hashiki kitu bila kuuliza kimetoka wapi!

Kisha akaanza. Mie mfasiri.

"Muulize, unaliomba lile sanamu?" Hapana, Bibi. Naliinamia kama ninavyomwinamia mwalimu. "Na maua?" Yale tunayaweka kwa sababu yatanyauka. Nikiyaweka najiambia, na mwili wangu hivi hivi. Mama kanitazama. "Kasema hivyo kweli, au umetia chumvi?" Kasema hivyo, Mama.

Na jengine, hili ndilo lililonimaliza. Zamani, mwanzo mwanzo, hawakuwa wakichonga uso wake. Walichonga nyayo. Gurudumu. Mti, na chini ya mti kiti kitupu. Watu wamepiga magoti kukizunguka kiti, na kitini hamna mtu. Nilanthi katuonyesha picha kwenye simu, jiwe la kale limeliwa na mvua. Kiti kitupu!

Mama kaishika ile simu muda mrefu. Kasema polepole, "Sasa hili nalifahamu." Sijapata kumuona Mama hivi ila siku aliporudi Hija.

Tena kaharibu mwenyewe, au katengeneza, sijui. Kauliza habari za Kasun. Nikamueleza. Kafikiri, kamgeukia Nilanthi, kamwambia kwa Kiswahili kana kwamba anakijua: "Aa, mwanangu. Nenda kamkumbatie kwanza. Mengine baadaye." Nikafasiri. Nilanthi kajifunika uso kwa mikono.


Jumapili, 25 Mei

Nimefanya.

Idi hairuhusiwi kutoka zaidi ya nesi mmoja. Likizo ni yangu. Nilanthi yake ni Agosti. Kasun anyolewe Juni, mama aende Agosti — hesabu gani hiyo? Nikaingia kwenye ratiba, nikafuta jina langu, nikaandika lake. Nikamwita nikamuonyesha. Kaliangalia jina lake kwenye kioo cha kompyuta, kaligusa kwa kidole.

Nikampigia Muatasim. Nikamwambia utanikuta, lakini ntakuwa na zamu, mara nyengine mbili pamoja. Tutaonana onana. "Sawa tu Mama, hamna shida." Upesi mno. Mwanangu akisema sawa upesi hivyo, najua kageuza uso pembeni. Mara moja kwa mwaka namuona!

Mama kanuna. "Nilisema aende, sikusema aende na likizo yako."


Jumatano, 28 Mei

Nilanthi kanirejeshea.

Kaja mapema kabla ya mtu yeyote. Keshafungua ratiba, keshafuta jina lake, karudisha langu. Nikapandwa na hasira, nikamuuliza huu ni mchezo gani, nimemvunja moyo mtoto wangu kwa ajili yako! Kaningoja nimalize, ndivyo alivyo, unaweza kumpigia kelele mpaka ukachoka.

Halafu kasema. Jana kampigia Kasun kumwambia nakuja. Kasun kafurahi. Kasema vizuri Amma, utakuwepo. Na yeye baada ya kukata simu kajua jambo. Hakuwa anakwenda kumuaga. Alikuwa anakwenda kumshika asimwachie. Keshapanga maneno ya kusema, keshapanga na machozi. "Angeniona na angebaki, Sista. Namjua. Angebaki kwa huruma, kila siku angeniangalia kwa huruma, mpaka nife." Basi kampigia tena. Kasema ndiyo. Kasema ndiyo mara moja, kakata simu kabla sauti haijamgeuka.

Nikamwambia lakini mikono miwili? Hutampata tena!

Kanijibu: "Wako bado anashikika. Kaa nyumbani umshike."

Nimekwenda chooni nimefungulia maji nikalia. Sijui nimeliaje. Si huzuni tu. Kuna mtu nilimfundisha kukunja mashuka ya kitanda cha wagonjwa, na ndani yake kuna kitu kikubwa kuliko jengo hili. Hii ndiyo ile tiba ya kwenye faili? Inauma hivi? Mbona haijaandikwa kwamba inauma?

Na mbona, nnapomuangalia, anakunja shuka lile lile mara tatu, kama mtu mwengine yeyote?


Ijumaa, 6 Juni — Idi

Muatasim yuko nyumbani! Kanenepa kidogo, kafuga ndevu hazijai. Nilimkumbatia mlangoni, mikono miwili, sikumwachia. Kasema, "Mama, nina begi." Nikamwambia liweke chini. Kaliweka chini.

Mama kapika kama harusi. Nyama, mkate wa ufuta, halua. Nilanthi yuko zamuni Qurum, nimempelekea sahani ya vitu visivyo nyama. Kapokea, kanipa mkono wa Idi. Maureen kasema, "Sista, huyu siku hizi haongei." Kazi anafanya sawasawa, kila kitu mahala pake.


Jumanne, 10 Juni

Leo Poson. Naandika nyumbani kwa Nilanthi, zamu yake leo ni ya usiku, mie jikoni, juu ya friji. Nimeona nimpishe.

Asubuhi nilimuuliza Mama nichukue nini. Kule mtoto anaondoka duniani, na kule mtoto anapokewa kwa heshima kuliko ya wafalme. Si msiba, si harusi. Nivae nini? Niseme pole au hongera? Mama kafikiri hata kijiko kikamning'inia mkononi. "Chukua kahawa. Kahawa hunywewa kote kuwili." Muatasim kanileta. Kaniambia atangoja garini. Nikavaa buibui langu la kila siku.

Kafungua mlango — nyeupe tupu. Hana herini. Safari hii sikulia. Sikusema pole, sikusema hongera, nimesimama na chupa mkononi kama mjinga. Kanipisha nikapita.

Simu kaiegemeza kwenye lile kabati, chini ya sanamu. Upande wa pili khalati yake Kasun anashika simu yao, inatikisika. Ua wa mchanga, watu wote nguo nyeupe, miti. Na Kasun. Yarabi, mtoto! Shingo nyembamba. Masikio ya mama yake. Kaja na majani ya tambuu mikononi, kapiga magoti mbele ya simu, uso mpaka chini. Ndiyo mara ya mwisho yeye kumwinamia mama. Khalati kayapokea majani badala yake. Nilanthi kanyoosha mkono kakiwekea kiganja kioo cha simu, pale kichwa kilipo. Picha ikaruka ikaenda pengine, kidole kimebonyeza kitu! Katahayari, kahangaika kuirudisha. Imerudi. Mie nikatoka nikaja huku.

Sasa wanamnyoa. Nasikia. Kuna sauti ya mzee inatamka neno, na ya Kasun inafuata. Nilanthi alinieleza jana: wakati wembe unapita anafundishwa maneno matano ayatafakari. Nywele, nywele za mwili, kucha, meno, ngozi. Basi. Ndivyo mtu alivyo, kwa nje, na vyote vinaanguka. Nilanthi anayafuata kwa sauti ya chini. Yeye aliyemkata mwanawe kucha za kwanza. Meno yake ya kwanza.

Nywele, nywele za mwili, kucha, meno, ngozi. Nami najikuta nayasema, kwa Kiswahili, hapa jikoni. Mikono imenisimama malaika.

Sauti imekatika.

Muatasim kaleta ujumbe. "Mama bado?" Nimemjibu bado, babangu. Kaleta mwengine: "Nipande?" Nimemwambia panda.

Imeanza tena, watu wengi wanaimba pamoja. Nimechungulia. Katoka. Sikumjua! Kichwa kinang'aa, shuka limemfunika bega, uso ule ule lakini umetulia, macho yanatazama chini mbele ya miguu yake. Anakwenda taratibu, na watu wanashuka chini mmoja baada ya mmoja kila anapopita, wazee, wanawake, mwalimu wake wa shule. Khalati kaiweka simu chini mchangani apate kuinama, nasi tunaona miguu tu. Miguu mitupu ya Kasun. Imesimama mbele ya simu.

Nilanthi kapiga magoti. Viganja pamoja. Mara moja, paji la uso sakafuni. Mara ya pili. Ya tatu.

Sauti yake Kasun inatoka, anamwombea. Sifahamu neno. Sauti imetulia mpaka katikati, hapo inasimama kidogo, kisha inaendelea.

Muatasim kaingia, kavua viatu mlangoni bila kuambiwa, kasimama nyuma yangu. Mkono wake upo begani kwangu.

Nimemimina kahawa, vikombe viwili. Vinatoa moshi. Miguu kwenye simu haipo tena, mchanga mtupu, na nyayo zake mbili.

Nilanthi bado kainama. Hajainuka.